Hesabu ya Kome, Mto Our

Huu si mto wa kutisha mtu.
Mwezi wa Agosti unauvuka kwa hatua kumi na tatu,
suruali umeikunja magotini,
na jiwe la saba lina utelezi, usilikanyage.
Maji ya kifufu, bahari ya chungu:
sisi huku Luksemburgi ndio chungu wake,
na ng'ambo, Wajerumani, chungu vilevile.

Unaanzia Ubelgiji, kwenye majani ya kinamasi,
mahali ambapo hata ng'ombe hajui
kama ni mto au ni mvua ya jana.
Unashuka kati ya misonobari, unajikunja
kama mtu anayetafuta ubavu wa kulalia.
Hapo nakubali: mto wa maji na mto wa kitanda
havikupewa jina moja kwa kukosea.

Mkataba wa zamani unasema
mpaka haupiti katikati ya maji.
Maji yote ni ya wote wawili.
Ukichovya kidole gumba cha mguu
umeingia nchi mbili kwa pamoja,
na hakuna wa kukugongea muhuri
ila ndege kahawia mwenye kifua cheupe,
anayeinamainama juu ya jiwe kama karani,
kisha anazama, anatembea chini, chini kabisa,
na kutokea upande wa pili, mkavu.

Mimi ni Odile Wampach,
mwenye ndoo ya kitako cha kioo.
Kila kiangazi nalala kifudifudi majini nahesabu kome.
Mwaka juzi, mia na tisa. Mwaka jana, mia na tatu.
Nawajua kama wazee wa kanisani: kwa viti vyao.
Yule mweusi chini ya mzizi wa mwaloni
alikuwapo Desemba ile, bibi yangu Ketty alipojificha
katika pishi la viazi
na vifaru vikavuka.
Juu, chuma kilinguruma.
Chini, kome alifunga mlango akangoja.
Bibi alifungua siku ya nne.
Kome, sijui.

Watoto wao hawana miguu.
Mama huwapuliza majini, mamilioni, vumbi,
na mwenye bahati huvutwa na pumzi ya trauti,
hung'ang'ania tamvua lenye damu,
hulala humo msimu mzima wa baridi,
abiria asiye na tiketi.
Mwezi wa Mei hujiangusha popote,
popote penye changarawe safi.
Na hapo ndipo penye maneno.

Kwa sababu ng'ombe wa Gerolf Hilgers,
arobaini na wawili, hushuka ng'ambo kunywa,
na kwato zao huteremsha tope
laini kama unga wa uji,
likaziba kila tundu baina ya mawe.
Nimemwandikia barua tatu. Nimempelekea keki ya plamu.
Keki aliila.

Usiku hupita fisi maji
(jina baya kwa mnyama mzuri: hacheki, hagusi mizoga,
huacha magamba tu juu ya jiwe),
na biva, aliyerudi baada ya miaka mingi ya kutokuwapo,
ameangusha mwerebi kutoka kwetu hadi kwao,
daraja lisilolipiwa na serikali yoyote.
Gerolf alikuja kuliangalia, amekunja uso.
Nyuma yake maji yalituama, tope likatuama.
Mbele, hatua ishirini, changarawe iling'aa
kama meno yaliyosuguliwa.

Leo asubuhi, tisini na nane.
Halafu, nikiinuka, kitu kidogo
kuliko ukucha wa kidole cha mwisho,
rangi ya chai ya maziwa.
Miaka kumi na tisa sijamwona mtoto.
Nilipiga ukelele. Gerolf akaingia majini na viatu vyake,
tukainamisha vichwa viwili kwenye ndoo moja,
pumzi zetu zikatia ukungu kioo.
"Wa kwenu au wa kwetu?" akauliza.
Fomu ina safu mbili. Kalamu ilikuwa imeloa.

Anasema kesho ataleta nguzo na waya.
Kesho yake ni ya lini, sijui;
nyuma yake ng'ombe wawili
walikuwa wamekwisha kuingia, wanakunywa.