Muflama wa Kamalondo

Mimi nilikaa shimoni, chini ya mbao,
daftari magotini, tochi mdomoni,
kazi yangu kunong'ona.
Kwa hiyo ukiniuliza Fostini Mukalayi alikuwa nani
nitakuambia kwanza viatu:
namba arobaini na tano, soli ya kushoto imeshonwa kwa waya wa shaba.
Shaba, mji huu haujawahi kuikosa.

Alikuwa mrefu. Hilo tu lilitosha.
Siku ya kwanza ya mazoezi padri wa kikundi alimpima kwa macho, akasema:
wewe utakuwa Mbelgiji.
Na Mbelgiji akawa, miaka ishirini na mitatu:
msimamizi wa kambi, hakimu, askofu mwenye ndevu za katani,
daktari anayeingia sehemu ya tatu na kufa sehemu ya nne.
Uso wake tuliupaka unga wa mahindi.

Mwaka ule unga ulipogeuka dhahabu
mama mmoja alisimama safu ya mbele akapaza sauti:
"Fostini! Shuka, tusonge bukari kwa uso wako!"
Ukumbi ukavunjika kwa kicheko.
Yeye hakutoka nje ya mchezo. Alijifuta shavu moja, taratibu,
akakung'uta vumbi lile katika leso ya yule mama,
akarudi kutoa hukumu
nusu mweupe, nusu mwana wa Katuba.
Hilo halikuwa kwenye daftari langu.

Kiflama alifundishwa na Bwana Verlinde wa karakana ya reli,
mzee aliyekunywa peke yake na kulia kwa lugha
ambayo hata Wabelgiji wenzake, alisema, waliicheka.
Hapo ndipo Fostini alipoelewa kitu.
Aliniambia tukikunja mapazia:
"Kumbe nao wana wakubwa wao."
Siku ya kuondoka mzee alimwachia kodiani,
kitufe kimoja bubu.
Fostini hakukitengeneza. Wimbo ukifika pale
alivuta pumzi, nasi tukaruka naye,
na mpaka leo watu wa rika langu Kamalondo
huuimba wimbo ule pamoja na shimo lake.

Kisha wakaja wa sinema, kutoka Antwerpi,
magari matatu na mwavuli wa kuikinga kamera na jua.
Fostini alivaa suti. Aliwasalimu kwa Kiflama cha karakana,
kile cha spana na matusi na "smakeleki" kabla ya kula.
Walicheka mpaka wakashikana mabega.
Walimpenda, sikatai.
Wakampa sanduku abebe.

Filamu ilitufikia miaka miwili baadaye, ukumbi wa masista.
Tuliketi mimi, yeye, mkewe Aljina, na mtoto aliyelala.
Kuna stesheni. Kuna mvuke. Kuna Muflama wa kweli, nyota wao,
amesimama dirishani mwa treni, mzuri kwelikweli,
sauti yake kama mlango mzito unaofungwa polepole.
Nyuma yake, sekunde saba, mgongo.
Mgongo ule naujua. Niliutazama kutoka chini miaka yote.
Hauna neno.

Nikamsikia kando yangu akikosa pumzi,
vile alivyokosa kila aliposahau mstari.
Na mdomo wangu, kwa mazoea, ukafunguka gizani:
nikamnong'oneza.

Alilisema. Si kwa sauti kubwa.
Aljina alidhani anasali.

Sitakuambia neno lenyewe. Lilikuwa la mgongo ule.
Jumamosi iliyofuata alirudi jukwaani kama kawaida,
unga, ndevu za katani, kodiani,
akahukumu watu watatu kabla ya mapumziko,
na kwenye hukumu ya nne akanyamaza,
akainama hadi shimoni kwangu, uso mweupe umejaa taa,
akasema, wote wakisikia:
"Kalenga, we pia panda. Huku kuna hewa."

Nikapanda, tochi ingali mdomoni.