Daftari la Madeni, Makoroboi

Ukurasa wa kwanza, Machi, sabini na sita:
Bulugu. Gitaa. Waya wa ndani umekatika.
Shilingi kumi na mbili. Hajalipa.
Alitoka zamu ya usiku kiwanda cha nguo,
pamba bado kwenye nyusi, pamba masikioni,
akaniuliza kama nimewahi kuisikia mashine ya kufuma.
"Ile haihesabu nne, fundi. Inahesabu saba,
inavuta pumzi, halafu tano."
Nikamwambia mimi nachomelea lehemu, sihesabu.

Bendi ya hotelini ikamchukua apige rumba.
Akapiga, na vizuri, hakuna mcheza dansi aliyelalamika.
Ila saa saba za usiku, bosi akishalala,
aliuacha wimbo utoke mlangoni
ukazurure Capri Point, upande mawe, ushuke mawe,
urudi umelowa.
Watu wakarudi mezani mmoja mmoja.
Akabaki mhudumu, na mlevi aliyekuwa analia.
Jumatatu wakamfukuza.

Ukurasa wa tisa: besi, zimesalia nyuzi mbili.
Wa kumi na moja: filimbi.
Nikasema filimbi haina umeme. Akasema, tia.
Nikatia.
Kisikilizio cha simu ya posta, gundi, kibati cha sigara,
na siku ile wauza vitenge walitoka vibandani
kutazama ni ndege gani anayelia kama garimoshi.

Mwaka wa sangara, ndege za minofu zikishuka,
rubani mmoja aliacha kinanda, deni la bia.
Kiliingia maji ya barafu ya samaki;
nilipokifungua nilikuta magamba chini ya vitufe.
Fa haikupona.
Bulugu akatunga kipande kizima kisichogusa fa,
dakika kumi na tisa, vyumba saba,
kila chombo akakipiga mwenyewe, hata ngoma,
akakiita Mawe Yasiyoanguka,
maana roki, alisema, ni mwamba tu,
na sisi tumezaliwa tukiwa tumeulalia.

Redioni wakamwambia: dakika nne, mzee, hatuna zaidi.
Akajibu: basi nne kila siku, siku tano.
Walipiga siku mbili.
Ya tatu ilikuja taarifa ya bei ya pamba.
Mpaka leo kuna watu Ukerewe wanaoujua mwanzo wake,
wanapiga mluzi, wanafika mahali,
wananyamaza.

Nilimuuliza mara moja, nimechoka kudai:
mbona leo besi, kesho kodiani, kesho kutwa zeze?
Mwenzako kashika gitaa moja, ana nyumba Nyegezi.
Akachukua bisibisi yangu, akagonga kikombe,
akagonga meza, akaligonga paji la uso wake,
akasikiliza.
Labda lile ndilo lilikuwa jibu. Chai ilimwagika.

Siku hizi anapigia kwaya Nyakato, na harusi.
Jumamosi, ukumbi wa Kirumba, bibi harusi anaingia,
mapigo manne, sawasawa kama mkate wa dukani.
Nilikuwa nimekaa karibu na spika, naichunga.
Ubeti wa tatu mzee akaiba pigo moja.
Moja tu.
Bibi harusi akajikwaa, akacheka,
msafara mzima ukajikwaa nyuma yake,
na shangazi mmoja, mnene, wa kitenge cha njano,
akaupenda ule mguu uliokosea
akaurudia kwa makusudi hadi keki.

Jumla: laki mbili, elfu themanini na mia tatu.
Filimbi sikuihesabu.
Mjukuu wangu Nyamizi anasema, babu, futa au dai.
Jana kaja na zeze, uzi umekatika.
Nimeandika tarehe, nikaacha nafasi ya bei.
Pasi ilikuwa inashika moto, yeye kaegemea mlango,
kidole kinagonga ubao:
tano, sita, saba.
Nikamwambia asiuegemee, bawaba ni mbovu.