Sura Iliyokaa Chogoni

Mimi fundi Hoza, Barabara ya Kumi na Nne, Ngamiani.
Uso wa Mwantumu Semkiwa nimeufungua kwa bisibisi
mara nyingi kuliko mumewe alivyoufungua kwa maneno.

Namjua tangu televisheni zina chogo,
unaibeba umeikumbatia kama mgonjwa wa kupeleka Bombo.
Kwa Mama Kihiyo alianza kijani:
tyubu ilikwisha wekundu,
mtangazaji mpya yu kijani kama kisamvu,
anasoma bei ya mkonge na majina ya waliopoteza vyeti.

Usiku mmoja mgeni wa kipindi hakutokea.
Zilibaki dakika kumi na mbili, umeme nao ukagoma kukatika.
Akashusha karatasi. Akavuta pumzi.
"Tuseme, tusiseme?"
Akasema: gauni la yule mwimbaji wa Idi pili pale Mkwakwani
limefika mjini kabla ya mwenyewe.

Basi.
Asubuhi Mgandini wauza nazi wanaulizana, tuseme, tusiseme,
na mimi nikaletewa seti sita kwa siku moja,
watu hawataki tena kumwona kwenye chenga.

Dar wakamchukua.
Huko akakalia kochi jekundu miaka tisa,
akihukumu nywele, ndoa, viatu, wimbo wa nani umeibwa kwa nani,
nani kanunua gari na nani kaazima apigie picha.
Kila Ijumaa saa tatu barabara yetu ilinyamaza,
hata wanaodaiana walingoja tangazo la sabuni ndipo wadaiane.
Tulisema: wetu yule.
Hatukusema alivyolitamka jina la Tanga,
kama mtu anayetaja dawa aliyonyweshwa utotoni.

Ijumaa moja akapiga wimbo wa kijana wa Makorora, Chambuso,
wimbo wake wa kwanza, uliorekodiwa kwa hela ya mbuzi wa mama.
Hakuumaliza. Sekunde ishirini.
"Sauti hii," akasema, "ni mlango uliokosa mafuta."
Dar ikacheka. Tanga ikacheka. Nami nilicheka, bisibisi mkononi,
nisijue kwamba mwezi ule ule mlango wenyewe
ungekuja kubisha kwangu, kuomba kujifunza kulehemu.

Miaka ikaenda. Televisheni zikapoteza chogo,
zikawa bapa, zinaning'inia ukutani kama kalenda.
Kochi jekundu akapewa binti wa miaka ishirini na miwili.

Jumanne, baada ya alasiri, kashuka kwenye bajaji,
mtandio wa kijivu, seti imefungwa kwa shuka.
"Inatoa sauti, haitoi sura," akasema.
Nilitaka kuuliza: nawe je? Nikameza.
Chambuso akaipokea. Akafungua mgongo,
akapuliza vumbi, akaanza kuimba chini kwa chini,
kama afanyavyo akishika risasi ya moto,
sauti ile ile, haijatiwa hata tone.

Mkono wa Bi Mwantumu ukasimama juu ya kipochi.
Hakugeuka. Akasikiliza mpaka mwisho,
na ubeti wa pili, ule ambao nchi haikuusikia.

Sura ikarudi. Ndiye binti, kochini, meno yote nje:
"Tuseme, tusiseme?"
Chambuso akapunguza sauti, hakuzima.
"Elfu ishirini na tano," nikasema,
nikijua itashuka hadi kumi na tano.
Akalipa yote.
Na mtu wa Tanga asiyeomba apunguziwe
ama anaumwa, ama anadaiwa.

Mlangoni akaitazama tena ile sura.
"Kola yake imekaa upande," akasema.
Tukaangalia wote watatu.
Ni kweli, ilikuwa imekaa upande.