Kielelezo A

Mashine yangu ya chapa iko nje ya korti ya Malindi,
chini ya mwavuli wa kampuni ya simu.
Herufi N imelegea, naibonyeza mara mbili.
Kiapo mia tatu. Talaka mia nne.
Mipaka ya mashamba, tunaelewana.

Akaja mzungu, viatu vizito, hana soksi.
Nikamwambia chao, kama tuwaambiavyo wote mji huu.
Akasema yeye si Mtaliano.
Arkadi. Wa Vologda.
Akanitajia jina herufi kwa herufi
nami nikaitafuta V,
ambayo kwenye mashine hii bado ina rangi yake.

Viza inakwisha Alhamisi.
Anataka hati ieleze kwa nini hawezi kurudi kwao.
“Kosa gani?” Vidole vyangu tayari.
“Nilisimama uwanjani na karatasi.”
“Imeandikwa nini?”
“Haikuandikwa.”

Ngowa, karani wa masjala, aliyekuja kuazima kalamu,
alicheka mpaka akashika meza.
“Sasa askari walisoma nini?”
“Sijui. Lakini walisoma.
Hakimu naye alisoma, dakika kumi na moja.
Akanipa siku kumi na tano.
Mara ya pili, akasema, itakuwa miaka.”

Ngowa akaacha kucheka.
Ana kaka yake, Ngowa, alichukuliwa kwa kesi ya shamba;
faili lilipotea kwanza,
halafu mwenyewe.
Kalamu yangu aliiweka mezani, hakuitumia.

Kwetu twasema sheria ni msumeno,
nikamwambia Arkadi, ili nijaze kimya.
Bibi yake alisema ni mti wa mkokoteni:
unakoupinda, ndiko utokako.
Bibi huyo alifungua bomba la maji jikoni,
likaunguruma kwenye beseni,
ndipo akalitaja jina la mumewe.
Miaka arobaini. Maji mengi hayo
kwa jina moja.

Wahenga hawakukosea kuhusu kimya na mshindo wake.
Ila hawakusema mshindo humwangukia nani.

Basi nikachapa.
Mimi, Arkadi, mtu mzima mwenye akili timamu,
naapa na kusema kama ifuatavyo.
Aya ya kwanza, ya pili, ya tatu.
Kwenye ya nne nikakwama:
kortini neno bila kielelezo ni upepo,
na karatasi yake ilibaki huko, kabatini mwa polisi,
imefungwa kwa lakiri kama bunduki.

Nikachomoa moja kwenye rimu yangu,
nyeupe, kona imejikunja kwa joto.
Juu kabisa nikachapa: Kielelezo A.
Nikasita. Nikaitoa, nikaitupa.
Nikachukua nyingine, nisichape kitu.

Tukavuka barabara kwa wakili Shekuwe, wa viapo.
Hati aliigonga muhuri bila kuinua macho.
Kisha akaishika ile ya pili,
akaigeuza nyuma, akaigeuza mbele,
akavaa miwani.

Muhuri ulikuwa hewani.
Feni ilizunguka.
Nilimwona anasoma.