Alama Kumi na Tisa

vq0 ttemb 7y lanzi oo4 k

Nilizikuta usiku, umeme umekatika Arua nzima,
simu imebaki na asilimia sita,
kwenye ukurasa usio na mwenyewe, usio na picha,
mstari mmoja tu, kama unyayo
sakafuni mwa nyumba iliyofungwa.

Asubuhi nikaziandika kwa chaki
kwenye ubao wa bei za kuchapa na kutoa nakala.
Anguyo wa pesa za simu akasoma kwanza:
"Hiyo ni namba ya siri ya mtu.
Ifute kabla hajaibiwa."
Muuguzi Ezaru, akitoka zamu ya usiku, akaona dawa:
oo, macho mawili yanayouma,
4, vidonge vyake.
Dereva wa lori la mbao kutoka Ariwara
akacheka mpaka akakaa chini:
"Hamumwoni tembo? Kakatwa mkia.
Na kule mbele, ndani ya lanzi, nzi."
Tukatazama. Kweli, nzi alikuwepo.
Tangu hapo sijaweza kumfukuza.

Kila mmoja alisoma mfuko wake.
Mimi nami nilikuwa na wangu, sikusema.

Mama, wiki ile ya mwisho hospitalini,
kiharusi kimechukua nusu ya mdomo,
aliniomba simu yake kwa kunyoosha kidevu.
Akabonyeza kwa kidole kimoja, polepole,
kama anayechambua mawe kwenye maharage,
akanitumia, nami nimekaa palepale
ukingoni mwa kitanda:

mmb 9 aaaw ll

Nikajibu, "Sawa, mama."
Akafumba macho, ameridhika.
Mwaka wa tatu huu najiuliza niliitikia nini.
Mbuzi wauzwe? Maji?
Letaru aitwe, wasameheane?
Au alisema tu kwamba mto uko chini mno
na mimi nikamwacha hivyohivyo, shingo imepinda.

Jana mtoto wa Ezaru, yule wa darasa la nne,
alisimama mbele ya ubao, miwa mdomoni:
"Labda paka alikanyaga."
Labda. Lakini hata paka
alikuwa anakwenda mahali.

Mvua ya jioni imepiga ubao kutoka upande,
imekula vq0, imemla tembo,
imeiacha k peke yake pembeni.
Bei nazo zimefutika nusu,
watu wanalipa wanachokumbuka.

Nimeufungua tena ule ukurasa.
Chini ya mstari kuna nafasi, kumbe ilikuwepo siku zote.
Nimeandika kwa kidole kimoja:
Sawa.