Hatua Kumi na Moja

Majaji watatu, na feni moja inayolia.
Nimekaa benchi la nyuma, kitenge kina vumbi la Bahi.
Wakili anasoma maneno yangu ya miaka tisa iliyopita
kwa sauti ya mtu anayehesabu mifuko ya saruji:

*Nilimwona. Nilimtambua kwa mwanga wa koroboi.*

Mbona fupi hivyo?
Mimi nilieleza mbwa aliyebweka akanyamaza ghafla,
uwele uliokuwa ukikauka juu ya tembe,
Lechipya, kaka yangu, akitoka kwa kuinama,
maana mlango wetu humwinamisha kila mtu,
mwema na muuaji.
Karani aliandika alichoweza.
Kalamu yake haikujua Kigogo.

Jaji wa katikati ana mafua. Anauliza:
koroboi ilikuwa wapi, juu au chini?
Upepo ulikuwepo? Umbali je?
Shahidi alimtazama mtu huyo kwa muda gani?
Wakili wa Serikali anafunua karatasi, anafunika, anafunua.
Nataka kunyoosha kidole kama mtoto wa darasa la tatu:
ilikuwa juu ya kinu, mheshimiwa!
Lakini rufani haimsikilizi shahidi.
Inamsoma tu.

Kisha panga.
Mtendaji wa kijiji alilifunga kwenye kiroba cha mbolea,
akampa mgambo. Mgambo akalala nalo kwa shemeji yake,
asubuhi akampa konstebo, konstebo akaenda likizo.
Nani aliandika makabidhiano?
Kimya. Feni.
Mkemia alisema ni damu ya binadamu.
Hakusema ya nani.

Shaka, kwetu, ni ya mke anayenusa shati,
ya mfugaji anayehesabu ng'ombe mara mbili.
Sikujua ina nguvu ya kusukuma lango la Isanga.

*Hatia imefutwa. Aachiwe huru,
isipokuwa kama anashikiliwa kwa sababu nyingine halali.*

Yoeli Chibago hakushangilia.
Mashavu yameisha. Alimgeukia askari,
akauliza, "Na viatu vyangu?"

Nje, mama yake alinipita karibu.
Nilijiandaa kwa mate, kwa laana.
"Mbukwenyi," akanisalimu,
akaenda zake na kikapu chake cha nguo.
Nimekaa na salamu hiyo wiki nzima, haishuki kooni.

Siku tatu kabla ya usiku ule
Yoeli na kaka yangu waligombana kisimani,
zamu ya kunywesha. Wote tulisikia.
Labda sikio lilitangulia,
jicho likafuata kama ndama.

Basi jana, mwezi ulipokwisha, nikatengeneza koroboi:
kopo la maziwa, utambi wa khanga kuukuu.
Nikaiweka juu ya kinu.
Nikawaambia Nhonya, niliyemzaa mwenyewe,
na mtoto wa jirani: nendeni zizini,
mmoja apite mbele ya lango, msiniambie nani.
Kutoka mlangoni hatua kumi na moja. Nilizipima mchana.
Nikainama, nikatoka.

Upepo ukaulamba moto, ukaulaza, ukauinua.
Akapita mtu.
Bega, mkono, kitu kama uso.
Ilitosha kutaja jina moja,
haikutosha kutaja la pili.

"Nhonya!" nikaita,
kwa hakika ileile niliyokula nayo kiapo.

Gizani akacheka mtoto wa jirani.

Kaka yangu bado ameuawa. Hilo halikatiwi rufani.
Na aliyemuua anatembea na uso wake mwenyewe;
mimi nilimvisha wa Yoeli,
nikauacha Isanga miaka tisa.

"Mama," sauti ikatoka zizini, sijui ya yupi,
"turudie?"