Kalamu Nyekundu

Kadi ya mfano ilirudi mezani saa nne usiku
imechanjwa.
Baba hakusema neno. Alifunika kalamu yake nyekundu,
akauburuta mguu wake mbaya hadi chumbani.

"Wanayo furaha" amekata. Pembeni: *Wana. Hiyo "yo" ya nini?*
Tarehe ameizungushia, hatujui kwa nini, tarehe ni sahihi.
Na pale tulipoandika "wazazi wa bibi harusi"
amepiga mstari mmoja, wa rula,
juu yake: *Mzazi.*

Miaka thelathini na mbili karani wa mizigo, stesheni ya Tanga.
Robota la katani likipungua kilo mbili
alilijua kwa kulitazama tu,
na nyumbani robota lilikuwa mimi.
Nikileta themanini na tisa kwenye hesabu
aliuliza zile kumi na moja zimelala wapi.

Sasa zamu ya harusi.
Hemedi: "Anacheka kabla kichekesho hakijaisha."
Ukumbi wa Makorora: "Feni tatu, moja ya mapambo."
Mchele: "Mawe haya yametoka mapango ya Amboni?"
Sare za kamati, kijani kibichi, tumebishana wiki nzima:
"Mtafanana na ukuta wa zahanati."
Gauni aliligeuza ndani nje, akafuata mshono kwa ukucha.
"Fundi alikuwa na haraka," alisema,
akanirudishia kama anayerudisha chenji pungufu.

Nilijifunza kuuvaa uso wa sahani.
*Nimesikia, Baba.* Halafu jikoni,
nafungua bomba, yawepo maji yasiwepo,
nahesabu mitaa ya Ngamiani kimoyomoyo:
barabara ya kwanza, ya pili, ya tatu kwenye cherehani,
ya nne kwa muuza taa...
Nikifika ya kumi na mbili kifua kimeshuka.
Siku ya gauni mitaa yote iliniishia,
nikaanza upya.

Shangazi Mwanasha akaja kutoka Muheza na kapu la machungwa,
akamenya moja, akatusikiliza sote wawili,
akanivuta uani.
"Kisu usipokipa nyama kitakukata kidole.
Mpe kazi."

Tukampa viti.
Mia tatu, tumelipia mia tatu.
Alisimama getini na daftari, akahesabu vikishuka,
akahesabu tena vimeshashuka:
mia mbili themanini na saba.
Mwenye viti akaanza kukohoa.
Kabla ya alasiri guta lilileta kumi na tatu,
kamati nzima ikampigia makofi.
"Vinne vinayumba," alijibu.

Sisemi yameniisha.
Hata sasa nikifunga kamba ya kiatu
nasikia mtu anaguna nyuma yangu.
Ila siku ile, pale getini, nilimwona mgongo,
shati limemlowa, kidole kinahesabu hewani,
na sikuhesabu mitaa.

Asubuhi ya nikahi aliniita.
Karatasi ya mistari, maneno atakayowaambia wageni.
"Soma. Sahihisha."
Akanipa kalamu ile, ina joto la mfuko wake.

Nilisoma. Nukta mahali pake, herufi kubwa mahali pake.
Wageni kutoka Lushoto amewataja kwa ukoo, hakumruka mtu.
Jina la Mama limeandikwa kamili, mpaka la babu yake.
Mstari wa saba:
*Mwanagu Mwanakheri hajawahi kunitia hasara.*

Mwanagu.
N moja imeanguka njiani,
kwa karani asiyepata kupoteza gunia.

Nje sufuria zinagongana, mtu anauliza wanja uko wapi.
Kalamu ikawa nzito kama mzani wa stesheni.
Nikaifunika.

"Hakuna kosa, Baba."

Akanitazama juu ya miwani.

"Angalia tena."